Jina kama Hoja: Josiah Kibira na Uandishi wa Miswada ya Filamu za Kiswahili

Tafiti za filamu za Kiswahili zimejikita zaidi katika soko la filamu za video la Dar es Salaam kuliko katika maandishi yanayozizaa filamu hizo. Miongoni mwa waliopuuzwa kwa sababu hiyo ni Josiah Kibira, Mtanzania aliyeandika na kuongoza filamu huru tatu akiwa mkazi wa Minnesota, Marekani: *Bongoland* (2003), *Tusamehe* (2005) na *Bongoland II* (2008). Makala haya yanadai kwamba majina katika kazi hizo si vibandiko. Ndimo hoja ya mwandishi ilimofumbatwa.

"Bongo", wingi wa ubongo, ni jina la utani la Tanzania, mahali ambapo asiyetumia akili haponi. Hata hivyo, masaibu ya *Bongoland* yako Minnesota, ambako Juma, mhamiaji asiye na kibali cha kuishi, anahangaikia riziki. Jina la kwao linageuka kioo cha ugenini: Marekani nayo yamtaka mtu aishi kwa ubongo, tena mbali na jamaa wa kumkimbilia. Jina lake la pili, Pondamali, linazidisha kejeli. Mtazamaji Mtanzania atamkumbuka mlinda mlango wa Taifa Stars katika Kombe la Mataifa ya Afrika la 1980, mwenye majina hayohayo. Lakini pia ataisikia methali "Ponda mali kufa kwaja". Aliyekwenda kuchuma mali amepewa jina la mwenye kuiponda, ilhali hana cha kuponda.

*Tusamehe*, kisa cha familia ya Watanzania walioko Marekani inayokumbwa na UKIMWI, inategemea sarufi. Kiambishi *tu-* huwakilisha nafsi ya kwanza wingi, kiwe cha kiima au cha yambwa. Hivyo neno moja ni ombi la wakosaji, "utusamehe", na papo hapo ni wito kwa jamii, "sisi na tusamehe". Tafsiri ya Kiingereza hulazimika kuchagua upande, Kiswahili hakilazimiki. Swali la nani amsamehe nani, ambalo ndilo kiini cha unyanyapaa, linabaki wazi.

Katika *Bongoland II* Juma anarejea nyumbani. Hapa mbinu inalegea. Kichwa kidogo cha Kiingereza kinatangaza kwamba hakuna pahala kama nyumbani, hata kabla ya mhusika kukabiliana na Tanzania aliyoirudia. Majina ya awali yalifungua swali. Hili linatoa hukumu mapema, na utata wa maana unatoweka.

Tofauti hiyo haionekani kwa mhakiki anayetazama picha, soko na uigizaji pekee. Inadai usomaji wa kifasihi, ule tunaoipa tamthilia bila kusita. Tukiendelea kuuchukulia mswada wa filamu kama chombo cha uzalishaji tu, tutaandika historia ya fasihi ya Kiswahili ya ughaibuni huku tukiwaacha nje baadhi ya waandishi wake.