Istilahi za Mkopo wa Nyumba na Gharama Isiyotajwa

Miongoni mwa hati zinazomfikia mwananchi wa kawaida, ni chache zinazomfunga kwa muda mrefu kama mkataba wa mkopo wa nyumba. Mtu huutia sahihi akiwa kijana, naye huumaliza wajukuu wakiwa wamekwisha kuzaliwa. Hati yenye uzito kama huo yastahili lugha iliyo wazi. Makala haya yanakusudia kuonyesha kwamba istilahi tunazozitumia leo katika mikopo ya nyumba zinataja vizuri malipo ya mwezi mmoja, lakini hazimwezeshi msomaji kuiona gharama ya miaka yote. Kasoro hiyo haitokani na umaskini wa Kiswahili. Inatokana na kuchagua maneno bila ya kupima kazi ambayo maneno hayo yatafanya.

Jambo hili lina umuhimu zaidi sasa kuliko zamani. Benki ya Nyumba Tanzania, iliyoanzishwa mwanzoni mwa miaka ya 1970, ilifilisika katikati ya miaka ya 1990, na kwa muda mrefu baada ya hapo watu wengi walijenga kwa fedha zao wenyewe, mwaka huu msingi, mwaka ujao kuta, mwaka wa tatu mabati. Msamiati wa mikopo ya muda mrefu haukupata nafasi ya kukomaa midomoni mwa watu. Kisha Sheria ya Ardhi ya mwaka 1999 ikaweka masharti mapya ya rehani. Mwaka 2008 ikatungwa sheria maalumu kuhusu mikopo ya nyumba. Na mwaka 2021 Kiswahili kikafanywa kuwa lugha ya sheria za Tanzania. Kwa hiyo mtafsiri ameletewa hati ambazo hakuzizoea, na mara nyingi ameletewa kwa haraka.

Rehani na dhamana

Tuanze na neno lililo kongwe. Rehani limetoka katika Kiarabu, nalo limekaa katika Kiswahili kwa karne nyingi likiwa na maana moja thabiti: kitu kinachowekwa kwa mkopeshaji ili kiwe salama ya deni. Mtu huweka rehani mkufu, shamba au nyumba, akilipa, huikomboa. Vitenzi viwili hivyo, kuweka na kukomboa, vyaeleza sheria yote ya jambo hili kwa ufupi unaopendeza. Neno la Kiingereza linalolingana nalo lina asili ya Kifaransa cha kale, na maana yake ya asili ni "rehani mfu". Waingereza hulitumia kwa salama ya deni na kwa mkopo wenyewe pia.

Hapo ndipo watafsiri wengi wanapoteleza. Husikika wakiandika kwamba mteja "amepata rehani benki". Msemo huo umepinduka. Anayetoa rehani ni mteja. Benki ndiyo inayoishika. Alichopata mteja ni fedha. Sentensi iliyopinduka humfanya msomaji aamini kwamba amepewa kitu, hali ametoa haki juu ya nyumba yake. Tukisema "mkopo wa rehani" kwa fedha, "rehani" kwa haki ya benki juu ya nyumba, "mweka rehani" kwa mkopaji na "mshika rehani" kwa benki, hapana atakayepotea.

Kadhalika rehani isichanganywe na dhamana. Dhamana ni neno pana: humhusu mtu anayesimama badala ya mwenziwe, humhusu mshitakiwa anayeachiwa kwa masharti, na siku hizi hutumiwa pia kwa mali iliyowekwa kwa ajili ya deni. Katika hati moja yaweza kuwapo nyumba iliyowekwa rehani na pia mdhamini. Kuviita vyote viwili dhamana ni kumwacha mdhamini asijue kama ameahidi mali yake au jina lake tu.

Historia ya pwani inatufundisha kwamba jina la mkataba laweza kuficha gharama yake. Huko Zanzibar wenye mashamba ya mikarafuu walikuwa na desturi ya kukopa kwa njia iliyoitwa mauzo: mwenye shamba aliliuza huku akibakiza haki ya kulirudisha, kisha akaendelea kulitumia kwa kulipa kodi. Katika maneno hakukuwa na riba. Katika vitendo kodi ile ilikuwa riba. Madeni yalizidi hata serikali ya wakati huo ikalazimika kuyaingilia kwa sheria katika miaka ya 1930. Neno "mauzo" halikuwa uongo mtupu, lakini lilimzuia mdaiwa asiulize swali lililompasa.

Asilimia ya nini?

Riba ni neno ambalo kila mtu analijua. Matata yapo katika tarakimu inayolifuata. Matangazo husema "riba ya asilimia 15 tu". Kwa sarufi ya hesabu sentensi hiyo haijakamilika. Asilimia 15 ya nini, na kwa muda gani?

Zipo njia mbili za kukokotoa. Katika njia ya kwanza, riba huhesabiwa kila mwaka juu ya mkopo wote wa mwanzo, hata kama sehemu kubwa imekwisha kurudishwa. Katika njia ya pili, riba huhesabiwa juu ya deni lililobaki tu. Tuchukue mkopo wa shilingi 10,000,000 kwa miaka mitatu, riba asilimia 15 kwa mwaka, malipo ya kila mwezi. Kwa njia ya kwanza mkopaji atalipa riba ya shilingi 4,500,000. Kwa njia ya pili atalipa takriban shilingi 2,480,000. Ili njia ya pili izae riba kubwa kama ile ya kwanza, kiwango chake kingepaswa kuwa karibu asilimia 26. Kumbe tarakimu ni moja, neno ni moja, na bei ni mbili.

Mtafsiri anayeandika "riba bapa" kwa njia ya kwanza amefuata sura ya neno la kigeni na kuacha maana yake. Sahani ni bapa. Msomaji hawezi kujua riba iliyo bapa ni riba ya namna gani, na pengine atadhani ni ile iliyo ndogo. Napendekeza tuseme "riba ya deni la mwanzo" na "riba ya deni lililobaki". Istilahi hizi ni ndefu kidogo, lakini kila moja inalijibu swali tulilouliza. Urefu unaoeleza ni bora kuliko ufupi unaofumba.

Kuna kitenzi kingine kinachohitaji kuangaliwa. Mikataba mingi husema kwamba riba "inaweza kurekebishwa". Kurekebisha ni kutengeneza kilichoharibika au kunyoosha kilichopinda. Riba ikipandishwa kutoka asilimia 15 hadi 18, hakuna kosa lililosahihishwa, bei imepanda. Tena sentensi hiyo haimtaji mtendaji. Tafsiri ya haki ingesema: "Benki yaweza kupandisha au kushusha riba." Mteja akisoma hivyo atauliza ni lini, kwa sababu gani na hadi kiwango gani.

Marejesho: neno linalobeba mizigo miwili

Sasa tufike katika kiini cha makala haya. Neno marejesho limeenea sana, kuanzia vikundi vya akina mama vya mikopo midogo hadi benki kubwa. Kurejesha ni kurudisha kilichochukuliwa. Lakini malipo ya mwezi ya mkopo wa nyumba yana sehemu mbili: sehemu inayorudisha fedha zilizochukuliwa, na sehemu ya riba, ambayo hairudishi chochote bali hulipia muda. Kuziita zote mbili marejesho ni kuivika sehemu ya pili nguo ya ile ya kwanza.

Hesabu itatuonyesha ukubwa wa jambo hili. Tuseme mtumishi wa serikali amekopa shilingi 50,000,000 kwa miaka 20, kwa riba ya asilimia 15 kwa mwaka juu ya deni lililobaki, kiwango ambacho si kigeni katika soko la Tanzania la miaka ya 2020. Malipo yake yatakuwa takriban shilingi 658,395 kwa mwezi. Katika mwezi wa kwanza shilingi 625,000 ni riba. Deni lenyewe linapungua kwa shilingi 33,395 tu, yaani kama shilingi tano katika kila mia alizolipa.

Baada ya miaka 10 mtumishi huyo atakuwa ametoa takriban shilingi 79,000,000. Akiulizwa atasema amefika nusu ya deni, na lugha ya marejesho inamruhusu kusema hivyo. Kwa kweli atakuwa angali anadaiwa takriban shilingi 40,800,000. Nusu ya muda si nusu ya deni. Akilazimika kuiuza nyumba mwaka huo kwa sababu ya uhamisho au ugonjwa, ndipo atakapoujua ukweli ambao mkataba wake ulikuwa nao tangu siku ya kwanza.

Akimaliza miaka yote 20, atakuwa amelipa takriban shilingi 158,000,000, na kati ya hizo shilingi 108,000,000 ni riba. Lau angechagua miaka 15, malipo ya mwezi yangeongezeka kwa shilingi 41,400 hivi, na jumla ingepungua kwa takriban shilingi milioni 32. Wahenga walisema haba na haba hujaza kibaba. Methali hiyo ni ya kweli kwa pande zote mbili za meza: nyongeza ndogo ya kila mwezi humpunguzia mkopaji mzigo mkubwa, na miezi inayoongezwa hukijaza kibaba cha mkopeshaji.

Napendekeza basi "malipo ya mwezi" liwe jina la fedha zote anazotoa mkopaji kila mwezi. "Rejesho la deni" liwe jina la ile sehemu inayopunguza deni. Na "riba ya mwezi" liwe jina la ile nyingine. Fedha zilizokopwa ziitwe "deni la msingi". Neno mtaji, ambalo wengine hulitumia hapa, liachwe kwa mfanyabiashara, maana mkopaji wa nyumba hana mtaji bali ana deni. Orodha inayoonyesha sehemu hizo mwezi kwa mwezi iitwe "jedwali la malipo", nayo iambatishwe katika kila mkataba.

Jumla ambayo haina jina

Jambo la mwisho ni jina la kitu chote kwa pamoja. Sheria ya Marekani ya mwaka 1968 kuhusu ukweli katika ukopeshaji iliwalazimu wakopeshaji kutaja gharama ya mkopo kwa fedha na kwa kiwango cha mwaka. Hekima yake ni kwamba yalihitajiwa majina yanayofanana katika kila mkataba, ili mkopaji aweze kulinganisha. Kwetu mambo haya yametawanyika kurasa mbalimbali: riba ukurasa huu, ada ya uthamini ukurasa ule, ushuru wa stempu, ada ya wakili, bima ya nyumba na bima ya maisha ya mkopaji mahali pengine. Kila kimoja kina jina. Jumla yake haina.

Istilahi tatu zatosha. "Jumla ya malipo" ni fedha zote atakazotoa mkopaji tangu mwanzo hadi mwisho. "Gharama ya mkopo" ni jumla hiyo baada ya kutoa fedha alizozipokea. "Kiwango halisi cha gharama kwa mwaka" ni gharama hiyo, pamoja na ada zake, ikiwa imegeuzwa kuwa asilimia ili mikopo miwili iweze kupimwa kwa mizani moja. Inafaa kukumbuka kwamba katika mauzo ya murabaha, yanayofuatwa na benki za Kiislamu, bei ya ununuzi na faida ya muuzaji hupaswa kujulikana mkataba unapofungwa. Kwa hiyo desturi ya kutaja kitu kizima si ngeni katika jamii yetu.

Wako watakaosema kwamba jumla ya malipo inatisha bure, kwa kuwa thamani ya shilingi hupungua, na shilingi 658,395 za mwaka wa ishirini zitakuwa nyepesi kuliko za mwaka wa kwanza. Aidha, mkopaji anaishi katika nyumba hiyo na hatoi kodi ya pango. Hoja hizo ni za haki. Hata hivyo, hazimpi mtafsiri ruhusa ya kuinyima jumla jina lake. Mtu hawezi kupima kama bei yafaa au haifai pasipo kuambiwa bei. Huenda wengi wakiisha kuijua jumla wangekopa vilevile, wengine wangechagua muda mfupi zaidi, na wengine wangeendelea kujenga chumba baada ya chumba. Uamuzi ungekuwa wao.

Walimu wa hesabu na wa Kiswahili wana kazi hapa. Jedwali la malipo ni somo zuri la kidato cha nne: lina asilimia, lina kutoa na kujumlisha, na lina maneno ambayo mwanafunzi atakutana nayo akiwa mtu mzima. Watumishi wa serikali wanaoandaa fomu, nao wazipime istilahi zao kwa kipimo hiki chepesi: msomaji akiisha kusoma ukurasa mmoja, aweze kusema amekopa kiasi gani, atalipa kiasi gani kwa jumla, na akifika katikati ya muda atakuwa angali anadaiwa kiasi gani. Asipoweza, fomu hiyo irudishwe kwa mtafsiri kabla haijapelekwa kwa mpiga chapa.

Kukopa harusi, kulipa matanga, ndivyo tunavyoambiwa. Wajibu wa mwanaistilahi si kuizuia harusi. Wajibu wake ni kuhakikisha kwamba siku ya harusi tarehe na gharama ya matanga zimeandikwa mahali pa kuonekana, kwa maneno ambayo bwana harusi anayaelewa.