Yangeyange, Kupe na Ng'ombe: Mipaka ya Taswira ya Unyonyaji

Baada ya Azimio la Arusha la 1967, kupe alizoeleka katika fasihi ya Kiswahili kama taswira ya mnyonyaji. Mazoea hayo huweza kumfanya mhakiki amwone kila kiumbe amwandamaye ng'ombe kuwa ama mnyonyaji ama mshirika. Malisho ya Bariadi, mkoani Simiyu, yanaupinga mgawanyo huo. Yangeyange, ndege wa jamii ya kulastara, huandama kwato na kudaka panzi wanaofurumushwa majanini. Hushiba kwa nguvu kidogo. Ng'ombe hapotezi kitu, wala hafaidiki sana. Kwa hiyo, kumfanya ndege huyu ishara ya ujima ni kumpamba kwa wema asio nao. Kumwita kupe ni kumwonea. Taswira yake inamsawiri anayenufaika kwa mwendo wa mwingine pasipo kumdhuru.