Mizani za Macho

Katika kazi zote zinazofanywa kwa ujira, ni chache zinazodharauliwa na watu wa elimu kama kazi ya mtu anayeongoza picha za nyimbo na picha za matangazo ya biashara. Wao husema kwamba picha ya wimbo ni vazi tu, lililoshonwa kwa ajili ya sauti iliyokwisha kukamilika kabla yake, na kwamba tangazo ni kelele ya mchuuzi iliyopakwa rangi. Ya kwanza huishi dakika nne, la pili dakika moja au pungufu, kisha yote mawili hutoweka kama povu la wimbi juu ya mchanga. Sitaki kukanusha kwamba kazi hii ni fupi, wala kwamba ni ya kuajiriwa. Lakini sisi tuliokulia karibu na mashairi tunamjua malenga aliyeitwa kutunga wimbo wa arusi: alipewa majina ya maarusi, akatajiwa siku, akaahidiwa ujira, na juu ya mafundo hayo yote akajiongezea mwenyewe vina, na mizani nane huku na nane huku, ambazo mwenye arusi hakumwomba, na katika uwanja mwembamba kama huo akapata mahali pa kusimama, akasema neno ambalo wajukuu wa maarusi wale hulikumbuka hata leo. Ikiwa ufupi na ujira havikumvunjia malenga heshima yake, sioni kwa nini vimvunjie heshima fundi wa picha.

Fundi ninayetaka kumsifu ni Mfaransa, Michel Gondry, aliyezaliwa Versailles mwaka 1963. Nasaba yake haikosi mafunzo kwa mtu anayetaka kuijua kazi yake. Babu yake, Constant Martin, ndiye aliyebuni mwaka 1947 kinanda kidogo cha umeme kilichoitwa Clavioline, ambacho sauti yake nyembamba yenye kutetema ilizunguka ulimwengu mwaka 1962 katika wimbo wa ala uitwao "Telstar" wa kundi la The Tornados. Basi mjukuu alizaliwa katika ukoo ambao sauti ilikuwa kitu cha kufunguliwa kwa bisibisi, kikachunguliwa ndani, kikafungwa tena. Naye mwenyewe, alipokuwa kijana mwanafunzi wa sanaa mjini Paris, alikuwa mpiga ngoma wa kundi lililoitwa Oui Oui. Naomba msomaji aishike habari hii ya ngoma, maana naiona kuwa ufunguo wa mlango wote. Mwimbaji aweza kuchelewa kidogo akasamehewa kwa utamu wa koo lake, na mpiga udi aweza kutangatanga kisha akarejea njiani. Lakini mpiga ngoma ni karani wa wakati, naye huhesabu hata usingizini.

Kundi lile halikuwa na mali ya kumwajiri mtu wa picha, kwa hiyo mpiga ngoma akawapigia wenziwe picha za nyimbo zao, akisogeza vitu vidogo vidogo kwa mkono mbele ya kamera, picha moja baada ya moja, mpaka vitu visivyo na uhai vikatembea. Mojawapo ya kazi hizo ilionekana na Björk, mwimbaji wa Iceland, ambaye naye alikuwa akitafuta mtu wa kuipatia sauti yake mandhari iliyostahili; akamwita, na mwaka 1993 wakatoa pamoja "Human Behaviour", picha ya msitu wa usiku na dubu wa kitambaa mwenye ghadhabu. Urafiki wao wa kazi ulizaa picha nyingine nyingi. Na kuanzia hapo mlango ulikuwa wazi, wakaingia kwake waimbaji wa Marekani, wa Uingereza na wa kwao Ufaransa.

Ili kuueleza ustadi wake nitachagua kazi mbili, kwa sababu kuzitaja zote kungekuwa kuhesabu lulu bila ya kuivaa hata moja. Ya kwanza ni "Around the World" ya mwaka 1997, aliyowafanyia vijana wawili wa Kifaransa waliojiita Daft Punk. Wimbo wenyewe una maneno machache mno, yanayorudiwa na sauti iliyopitishwa katika mashine mpaka akili ya msikilizaji ikaacha kuyatafutia maana. Mwongozaji mwingine angekimbia umaskini huo wa maneno, akatafuta kisa cha mapenzi au magari ya fahari ili kuuficha. Gondry aliukabili wimbo kama fundi saa anavyoikabili saa: aliufungua, akatenga ndani yake sehemu tano, na kila sehemu akaipa watu wake. Besi, ambayo sauti yake hupanda na kushuka, aliwapa wanariadha warefu wenye vichwa vidogo, nao wakawa wanapanda na kushuka ngazi. Ngoma ya mashine aliwapa maiti waliovingirishwa vitambaa kama wale wa Misri ya kale. Gitaa likawa la mifupa mitupu. Kinanda cha sauti ya juu kikawa cha wasichana waliovaa kama waogeleaji. Na ile sauti ya mashine ikawa ya roboti, wanaozunguka na kuzunguka pasipo kuchoka. Wote aliwaweka juu ya jukwaa la mviringo mfano wa santuri, na mchezo wao ukapangwa na Blanca Li, bibi fundi wa ngoma aliyetoka Uhispania.

Hapana kisa katika picha ile, wala hapana uso mzuri uliosogezwa karibu na macho ya mtazamaji. Kamera imekaa mbali kwa adabu, kama mgeni anayejua mahali pa kusimama penye ngoma ya wenyewe, ili mchezo uonekane mzima kuanzia unyayo hadi utosi. Kwani Gondry alichukizwa na desturi ya kuikatakata michezo ya watu vipande vipande hata usijue nani aliinua mguu na nani aliushusha. Na hapo ndipo ajabu hutokea. Mtu aliyeusikia wimbo ule mara mia asijue kwamba chini yake inapita besi, akiitazama picha mara moja tu huisikia besi, kwa sababu ameiona ikishuka ngazi. Sikio lake limefundishwa na jicho lake. Nimeijaribu elimu hii juu ya nafsi yangu, na tangu siku ile siwezi tena kusikiliza muziki wowote, hata taarabu ya watu thelathini, bila ya kuwagawa wapigaji katika fikira zangu na kumpa kila mmoja ngazi yake ya kupanda.

Kazi ya pili ni "Star Guitar" ya mwaka 2002, iliyofanyiwa Waingereza wawili, The Chemical Brothers. Ndani yake hapana mchezaji hata mmoja. Mtazamaji yumo katika gari moshi, ameketi dirishani, na nchi inampita: miti, nguzo, madaraja, mitambo, vituo vya reli. Hupita dakika nzima pengine kabla hajatambua kwamba anafanyiwa hila njema. Kwamba nguzo ile hupita kila inapolia ngoma fulani, na jengo lile hurudi kila inaporudi sauti fulani, na kwamba nchi yote nje ya dirisha imekuwa karatasi ya muziki inayosomwa kwa mwendo wa gari. Picha zenyewe zilichukuliwa katika njia ya reli baina ya Nîmes na Valence, kusini mwa Ufaransa, na safari ilirudiwa mara kumi kwa saa mbalimbali za mchana ili kupata nuru za kila namna. Kabla ya hayo, Gondry alikuwa amekwisha kuuandika wimbo wote juu ya karatasi ya miraba, sauti kwa sauti, na akajaribu mpango wake kwa vitu alivyokuwa navyo: machungwa, uma, kanda, vitabu, bilauri na viatu vya michezo, vilivyopangwa kwa safu kama mji wa watoto. Napenda sana kumfikiria mtu mzima aliyekabidhiwa fedha ya kampuni ya muziki, ameinama juu ya machungwa yake, akihakikisha kwamba chungwa moja halikukosa zamu.

Mtu aweza kuuliza, Je, taabu yote hii ni ya nini, maadamu watazamaji wengi hawataihesabu? Malenga angeulizwa vivyo hivyo juu ya mizani. Wasikilizaji wa shairi hawahesabu kwa vidole. Lakini mizani moja ikipungua, masikio yao hukwaa kama mguu unaokosa daraja ya mwisho gizani. Kanuni ni mzigo wa mtunzi na raha ya msikilizaji. Gondry katika kila kazi alijitafutia mzigo mpya. Katika "Sugar Water" ya mwaka 1996 aliugawa uso wa picha nusu kwa nusu, upande mmoja ukaenda mbele na wa pili ukarudi nyuma, mpaka pande zikakutana katikati na kubadilishana mahali. Katika "Come into My World" ya mwaka 2002 alimzungusha Kylie Minogue katika njia panda ya mtaa mmoja, na kila mzunguko ukamkuta wa kabla yake angali akitembea, hata mtaa ukajaa Kylie wanne. Na mwaka 2003 aliwapangia The White Stripes mitaani New York safu ya ngoma zilizofanana, seti thelathini na mbili, kila pigo likizaa seti nyingine. Hesabu hizo zote ni za mpiga ngoma, ila sasa fimbo zake ni nguzo, watu na mitaa.

Sasa nije kwenye matangazo, ambapo wenye kudharau huona hoja yao kuwa na nguvu zaidi. Katikati ya miaka ya 1990 Gondry aliwafanyia Levi's, washona suruali wa Marekani, tangazo linaloitwa "Drugstore", lisilo na rangi isipokuwa nyeusi na nyeupe. Kijana wa zamani za dhiki kuu ya Marekani anaingia katika duka la dawa la mji mdogo, ananunua, msomaji aniwie radhi, kikopo cha kondomu mbele ya macho ya watu, anakitia katika kile kijifuko kidogo cha suruali kilichowekewa saa; jioni anakwenda kumchukua binti wa watu, mlango unafunguliwa na baba, na baba ndiye yule yule muuza dawa. Tangazo hili liliingia katika kitabu cha Guinness kwa wingi wa tuzo lilizopata. Lilikuwa la kuuza suruali, wala halikujifanya kuwa jingine. Hata hivyo lilitimiza sharti ambalo ngano nyingi ndefu hazilitimizi: lina mwanzo, lina siri, na siri hiyo inafumbuliwa kwa uso mmoja tu mlangoni, pasipo neno. Msimulizi wa barazani angeridhika nalo.

Haki yataka niseme na upande wa pili. Wako wanaomwona Gondry kuwa mtoto aliyekataa kukua, mwenye mazingaombwe mengi kuliko mambo ya kusema, na si filamu zake ndefu zote zilizopokewa vizuri. Nakubali kwamba mtu aliyezoea uwanja wa dakika nne aweza kupotea katika uwanja wa saa mbili, kama nahodha wa ngalawa akipewa jahazi. Lakini iko filamu moja inayowajibu, nayo ni "Eternal Sunshine of the Spotless Mind" ya mwaka 2004, iliyompatia yeye, Charlie Kaufman na Pierre Bismuth tuzo ya Oscar kwa hadithi yake. Ni habari ya mtu anayefutiwa akilini kumbukumbu za mwanamke aliyempenda, naye katikati ya kufutwa anajuta, akakimbia huku na huku ndani ya kichwa chake mwenyewe akitafuta pa kumficha. Mazingaombwe yamo, tena ya mkono: katika mahali pamoja Jim Carrey alikuwa akipita mbio nyuma ya kamera na kubadili mavazi, ili aonekane mara mbili katika chumba kimoja bila ya picha kukatwa, na penginepo jiko lilijengwa kwa vipimo vya uongo ili mtu mzima aonekane kitoto chini ya meza. Yaliyokuwa mchezo katika nyimbo, hapa yakawa huzuni, kwa sababu kumbukumbu nayo hufanya hivyo hivyo: hutuonyesha tulivyo leo na tulivyokuwa jana katika chumba kimoja, wala haituonyeshi mahali ilipokatwa.

Nitamaliza kwa jambo ambalo kwangu lina thamani kuliko tuzo. Gondry aliunda kiwanda cha filamu za watu wa kawaida, kilichofunguliwa New York mwaka 2008 na kuwekwa mwaka 2011 katika jumba la Centre Pompidou mjini Paris. Ndani yake mlikuwa na vyumba vya kuigizia, mavazi na kamera. Watu wasiojuana waliingia kwa kundi, wakakubaliana jina na kisa, wakagawana kazi, na baada ya saa tatu hivi wakaketi kuitazama filamu yao wenyewe. Hakuwafundisha ufundi wake, ila aliwaachia kilicho chini ya ufundi wote, yaani kanuni chache na muda mfupi.

Hapo namkumbuka tena yule malenga wa arusi. Malenga hutunga beti peke yake usiku, akihesabu kwa vidole, na hapana amwonaye. Lakini kiitikio hukiacha chepesi kwa makusudi, ili siku ya siku, atakapokuwa amekwisha kupokea ujira wake na kuketi pembeni na kikombe cha kahawa, wimbo uendelee kuimbwa na waliokuja kuusikiliza.