Kumbukumbu na Ardhi katika Filamu ya "Fad'jal"

Aghalabu kumbukumbu za wazee husifiwa kama lisifiwavyo pambo la ukutani: ni nzuri, ni za kale, na kazi yake imekwisha. Filamu ya "Fad'jal", iliyotengenezwa mwaka 1979 na Safi Faye wa Senegal, yatulazimisha tuukatae mtazamo huo.

Safi Faye (1943–2023) alizaliwa Dakar katika kabila la Waserer. Alikuwa mwalimu wa shule ya msingi kabla ya kwenda Paris kusomea elimu ya mila na desturi za watu, pamoja na utengenezaji wa filamu. Filamu yake ndefu ya kwanza, "Kaddu Beykat" (1975), aliitengeneza kwa fedha kidogo na wasaidizi wachache katika kijiji cha wazee wake, akaeleza jinsi kilimo cha karanga za kuuza kinavyomfukarisha mkulima. Katika "Fad'jal" alirudi kijiji kile kile, ambacho ndicho kilichoipa filamu jina.

Mapema katika filamu twawaona watoto darasani wakikariri kwa Kifaransa sifa za Mfalme Louis wa 14. Baadaye twawaona watoto wamemzunguka mzee chini ya mti, akiwasimulia asili ya kijiji, nao wanakijiji wenyewe wakiigiza yasimuliwayo. Msanii hatoi hotuba ya kulinganisha mafunzo hayo mawili. Humwachia mtazamaji atambue kwamba shule imewafundisha watoto habari za mfalme wa ng'ambo, ikanyamaza kuhusu waliofyeka pori la kwao.

Lakini uzito wa filamu wadhihirika pale inapotajwa sheria ya mwaka 1964, iliyoiweka sehemu kubwa ya ardhi ya Senegal chini ya mamlaka ya dola. Mkulima asiye na hati ataonyesha nini? Hapo ndipo masimulizi ya mzee yanapogeuka kuwa ushahidi: nani alifika kwanza, nani alifyeka, nani alirithi. Anayeyasahau hapotezi hadithi tu, bali hupoteza pia hoja ya kusimamia shambani mwake.

Yafaa tukiri kwamba mwendo wa filamu hii ni wa polepole, na mtazamaji aliyezoea visa vya mapigano huenda akachoka. Hata hivyo, jina la kijiji hicho hufasiriwa kuwa "fika ufanye kazi", na kazi ya mkulima haieleweki kwa kutupiwa jicho mara moja.

Mwaka 2018 filamu hii, baada ya kukarabatiwa, ilionyeshwa tena Cannes. Heshima hiyo yastahili. Lakini mahali pake hasa ni darasani, mbele ya mwalimu awezaye kuwauliza wanafunzi wake: ardhi hii tuikaliayo, ni nani aliyeanza kuilima, na ni nani kijijini angali aweza kutusimulia?