Chuo cha Ufahamu na Suala la Wakati: Kuisoma "Nagona" Tukiwa Ivuna

Katika mapambano ya fikra liko swali moja ambalo haliishi kurudi: je, ufahamu wa binadamu una nguvu juu ya wakati? Yaani, jamii iliyocheleweshwa na ukoloni inaweza kuruka miaka kwa kuamka kifikra tu? Swali hilo limo ndani ya "Nagona", riwaya fupi ya marehemu Euphrase Kezilahabi iliyotolewa mwaka 1990 na kufuatiwa na "Mzingile" mwaka 1991. Makala hii inaihakiki "Nagona" kwa kuipima na mahali halisi, napo ni Ivuna, Wilaya ya Momba, Mkoa wa Songwe, karibu na Ziwa Rukwa. Sababu ya kuchagua Ivuna itaonekana.

Katika "Nagona" msimulizi yumo safarini. Anapita mahali penye ukimya na magofu, anakutana na wanafikra wakubwa wa zama mbalimbali, na mambo yote yanaelekea kwenye Ngoma Kuu na kungojewa kwa mkombozi. Hapana tarehe, hapana wilaya, hapana bei ya pamba. Waliokufa karne nyingi zilizopita wanazungumza na aliye hai kana kwamba wote wamezaliwa jana. Kwa maneno mengine, mwandishi amejenga chuo cha kubuni ambacho somo lake ni ufahamu wenyewe, na ambacho wanafunzi wake hawabanwi na kalenda.

Wapo waliokitupa kitabu hiki kwa kusema kwamba ni kigumu, kwamba ni maneno ya msomi aliyejitenga na umma. Hatukubaliani na hukumu hiyo ya haraka. Kezilahabi anapiga vita ugonjwa ambao sisi wenyewe tunaufahamu, nao ni kukariri. Mtu aliyekariri katekisimu ya mkoloni na mtu anayekariri hotuba za Chama bila kuzitafakari wana ugonjwa mmoja. Wote wawili wameazima ufahamu. Riwaya inamlazimisha msomaji aulize kila alichopewa, na kwa kazi hiyo inastahili heshima.

Lakini ni lazima tuulize mwandishi amefikaje katika chuo hicho. Mwaka 1979 Kezilahabi alitoa "Gamba la Nyoka", riwaya inayohusu kuhamishiwa watu katika vijiji vya ujamaa. Historia yake tunaijua. Tulikuwa tumesema kwamba wakulima wataingia vijijini kwa hiari, baada ya kuelimishwa na kuamka. Novemba 1973 ikatolewa amri kwamba ifikapo mwisho wa mwaka 1976 kila mkulima awe anaishi kijijini. Mwamko ukawekewa tarehe, na tarehe ilipokaribia, katika sehemu nyingi nguvu zilichukua nafasi ya mwamko. Tulitaka ufahamu ushinde wakati, na uliposhindwa kwenda kwa kasi tuliyoitaka tulileta malori na mgambo. Kujikosoa ni wajibu, na hapa hatuna budi kujikosoa.

Mwandishi aliliona kosa hilo mapema kuliko wengi wetu. Alionyesha kwamba nyoka anaweza kubadili gamba akabaki nyoka yule yule. Hata hivyo, miaka 11 baadaye, katika "Nagona", amekwisha kutoka kijijini. Kijiji kilichoharakishwa kwa amri kimemkatisha tamaa, naye amehamia mahali ambapo wakati hauna amri wala jembe. Hapo ndipo penye udhaifu. Katika chuo chake hakuna anayepika, hakuna anayelipia karatasi, hakuna anayechota maji. Ufahamu unajilisha wenyewe. Sisi tunasema kwamba ufahamu hauna shamba lake la pekee, unalishwa na kazi za watu, na asiyeuliza ni kazi ya nani hataelewa kwa nini watu fulani wamepata nafasi ya kufikiri na wengine wamenyimwa.

Sasa tuje Ivuna. Watu wa hapa walitengeneza chumvi tangu zamani. Wataalamu Brian Fagan na John Yellen, walioandika juu ya utafiti wao mwaka 1968, walieleza masalio ya kazi hiyo ya karne nyingi kabla ya mkoloni. Maji ya chumvi yalichemshwa katika vyungu, na vigae vya vyungu vilibaki ardhini vikishuhudia. Kazi hiyo ilitaka ujuzi wa udongo, wa moto na wa majira, kwa kuwa mvua ikinyesha chumvi ya juu ya ardhi huyeyuka. Hapa tunaona ufahamu wa wakati uliozaliwa katika kazi, na ambao haukuhitaji chuo nje ya dunia.

Ivuna ina ushahidi mwingine. Tarehe 16 Desemba 1938 kilianguka hapa kimondo. Vipande vilivyookotwa vilikuwa na uzito wa karibu gramu 705. Ni kidogo kwa mizani, lakini wanasayansi walitambua kwamba mchanganyiko wa elementi zake unakaribia sana ule wa Jua, ukiacha gesi nyepesi, na kwamba umri wake ni kama miaka milioni 4,560. Kundi la vimondo vya aina hiyo, ambavyo ni adimu sana, limepewa herufi I kwa ajili ya jina la Ivuna. Mwaka 2008 makumbusho ya Natural History Museum ya London yalipata kipande kimoja. Chombo cha Japani, Hayabusa2, kiliporudisha vumbi la sayari ndogo Ryugu Desemba 2020, kipimo cha kulilinganisha kilikuwa vimondo vya aina ya Ivuna.

Je, jiwe hili lilifahamika kwa sababu watu wa London au Tokyo wana ufahamu wa kuzaliwa kuliko mtengeneza chumvi wa Ivuna? Hata kidogo. Wana maabara, mizani, umeme na mishahara ya watafiti. Mwenye nyenzo ndiye aliyeweza kulisoma jiwe na kurudi nyuma hadi mwanzo wa Jua na sayari zake. Huo ndio uwezo wa ufahamu juu ya wakati, na una gharama yake. Chuo cha "Nagona" kinatupa hamu ya uwezo huo bila kutuonyesha gharama.

Kwa hiyo tunashauri mambo mawili. Kwanza, "Nagona" isomwe katika vikundi vya mafunzo pamoja na "Gamba la Nyoka", ili makada wajifunze kwamba mwamko haupangiwi tarehe kwa amri. Pili, mtoto wa shule ya Ivuna afundishwe kwa Kiswahili habari za chumvi ya wazee wake na za jiwe linalobeba jina la kijiji chake, naye awe na darubini na maabara ya kuchunguzia. Mtoto huyo akikua akijua jina la Ivuna kwa uwanja wa mpira peke yake, ilhali wageni wanalijua kwa elimu ya mwanzo wa sayari, deni hilo litakuwa letu.