Ray Nyuma ya Kamera

Watazamaji wa runinga walimjua Vincent Kigosi, yaani Ray, kupitia michezo ya kundi la Kaole. Angeweza kubaki hapo na umaarufu wake.

Hakubaki. Yeye na Blandina Chagula, Johari, walianzisha kampuni ya filamu ya RJ, naye Ray akashika uongozaji huku akiendelea kuigiza. Si kazi ndogo hiyo: unalia mbele ya kamera, machozi hayajakauka unakwenda kukagua kama taa ilikaa sawa. Katika filamu ya Oprah alicheza na marehemu Steven Kanumba, na hakuna aliyemfunika mwenzake.

Filamu zake ziliuzwa kwa diski. Hata wakazi wa kisiwa kama Makoongwe, kinachofikiwa kwa chombo kutoka mji wa Mkoani, hawakuhitaji jumba la sinema kuzitazama. Hadithi zilivutwa mno, kweli, lakini Ray anastahili pongezi.