Mtumwa wa Taa: Kicheko katika Kisa cha Aladini

Kisa cha Aladini husomwa na wengi kama kichekesho chepesi, na kwa upande wa fani hawajakosea. Kicheko chake kimejengwa juu ya chombo duni cha nyumbani. Mama mjane, kwa kukosa chakula, aisugua taa kuukuu kwa mchanga ili ipate bei sokoni. Jini atokea, mama azimia, na kijana, badala ya kuomba milki, aomba chakula. Katika nyumba ya Likoni tukio hili halihitaji ufafanuzi.

Linalohitaji ufafanuzi ni maneno ya jini. Katika matini ya Antoine Galland, Mfaransa aliyekisikia kisa hiki mwaka 1709 kutoka kwa Hanna Diyab wa Aleppo, jini hana jina. Hujitambulisha kuwa ni mtumwa wa yeyote aishikaye taa. Taa inapoibwa, humtii mwizi kwa utiifu ule ule, na kasri alilolijenga kwa usiku mmoja hulihamishia Afrika kwa amri ya mchawi. (Mchawi huyo, msomaji wa pwani hatakosa kuona, anaitwa Mwafrika.) Ucheshi wote wategemea kwamba mtumishi huyu hachoki.

Kisa hicho kikiigizwa Kisauni, neno “mtumwa” haliwezi kupita kama pambo. Huko ndiko Church Missionary Society ilikoanzisha Frere Town mwaka 1875, makao ya watu waliookolewa kutoka majahazi ya watumwa. Kengele yao ndiyo iliyoupa mtaa wa Kengeleni jina lake. Utumwa wenyewe haukufutwa kisheria katika ukanda huu mpaka mwaka 1907.

Filamu ya Disney ya mwaka 1992 yaelekea iliihisi kasoro hii: maombi yakawa matatu, na jini akafunguliwa mwishoni. Hata hivyo uhuru huo ni hisani ya bwana. Historia ya Mombasa upande wa bara ina mfano mwingine, nao ni wa watoro, waliokimbilia Frere Town na Rabai bila kungoja ombi la mtu. Mtunzi wa Kiswahili atakayekiandika kisa hiki upya anayo nafasi ambayo Galland hakuitumia: jini ametoroka, na Aladini asugua taa tupu mbele ya mama mwenye njaa. Hadhira itacheka vilevile, ila safari hii itamcheka bwana.